Nembo Isiyopandishwa Mlingoti

Asubuhi ile niliamka Chang'ombe ya Dodoma, nikakunja shuka, nikatia suruali moja na mashati mawili kwenye begi, nikatoka. Sikuwa na safari. Miguu ilikuwa inaniwasha tu, kama inavyoniwasha kila nikikaa mahali mpaka muuza chapati akanijua jina. Nilifika stendi ya Nanenane jua likiwa bado halijapata makali, na mpiga debe akanidaka mkono.

"Braza, Singida hiyo, siti ya dirishani."

"Sijui ninakokwenda."

"Panda kwanza, utajua njiani."

Nilicheka, sikupanda. Nilitembea kando ya mabasi nikisoma vibao, nikajikuta nimesimama mbele ya basi la Mpwapwa. Mpwapwa sikuwahi kufika, na nilijiambia hiyo ndiyo sababu. Haikuwa sababu yote. Juzi yake nilikuwa nimepita Majengo, kwenye stoo ya mapambo nilikowahi kufanya kazi, na Neema akaniambia, "Wewe mzururaji, ukifika Mpwapwa mwambie Mwenyekiti kiti chake kipo. Hatujamkalisha mtu. Arudi." Ujumbe ule ulinikaa kifuani kama tonge lisiloshuka. Akirudi, nitafurahi. Akirudi, pia, kuna kitu kikubwa alichokijenga kitaanguka. Nilipanda basi bila kujua kama nitausema.

Mwenyekiti nilimjua kwa miaka mingi, kwa vipande, kwa sababu mimi mwenyewe huishi kwa vipande. Nikirudi Dodoma nilikuwa napita stoo kwake, na kama kuna kazi ananipa ngazi. Aliongoza kikundi cha akina mama wanaopamba kumbi: harusi, kipaimara, mahafali, mikutano ya ofisi za serikali. Jina lake nalijua, ila sikuwahi kumsikia mtu akilitumia. Hata mumewe, siku za uhai wake, alikuwa akisimama mlangoni na kuuliza, "Mwenyekiti yupo? Mwambieni mlenda unapoa."

Alikuwa mfupi, mnene wa mabega, na alizungumza akiwa na pini midomoni. Sijui alivyoweza. Pini sita au saba zimechomoza kama ndevu za kambale, na maneno yanapita katikati yake yakiwa mazima. Akiingia kwenye ukumbi mpya alipiga kofi moja tu, akasikiliza, kisha akasema idadi ya mabunda ya kitambaa ya kubeba. Alichukia vitu viwili: mtu anayekunja satini kabla hajanawa mikono, na ua lililokatwa. Wateja wa ofisini wakileta mawaridi mabichi kutoka Arusha, aliyapokea kwa heshima zote na kwenda kuyaweka nyuma ya spika.

"Ua lililokatwa ni maiti iliyopakwa poda," alisema.

"Na haya ya plastiki, Mwenyekiti?" nilimuuliza, nikiwa juu ya ngazi nimekumbatia mashada yake.

"Hayo hayajawahi kufa. Usiyaonee."

Hivyo ndivyo alivyokuwa. Maisha yake yote aliyapata kwenye maua ya plastiki, na moyo wake wote ulikuwa kwa ua moja bichi ambalo hakuna mteja aliyewahi kuliagiza.

Ua lenyewe mtu wa huku analijua. Mvua za kwanza zikigonga, kabla ya jani lolote, ardhi inapasuka na shina linachomoza na kichwa chekundu cha mviringo, nyuzi tupu, kama mpira wa moto. Linasimama siku chache, linanyauka, ndipo majani yanakuja. Baadaye hata majani yanapotea, na kitunguu chake kinalala chini mpaka mvua nyingine. Mwenyekiti alikileta kitunguu kimoja kutoka kwao Haneti akakizika mlangoni pa stoo, na juu ya kitunguu hicho akajenga nchi.

Nchi ilizaliwa kwenye kusubiri. Anayepamba kumbi anajua: ukumbi umekamilika, watu wamekaa, kwaya imeimba nyimbo zake zote imerudia za mwanzo, na mgeni rasmi hajafika. Wapambaji hukaa nyuma ya pazia, hawaruhusiwi kuondoka kwa sababu puto linaweza kupasuka wakati wowote. Hapo nyuma ya pazia, miguu imenyooshwa, karanga mkononi, Mwenyekiti alianza kutusimulia habari za nchi yake aliyoiita Zuwale.

Zuwale haina mgeni rasmi. Anayechelewa anachuchumaa mlangoni mbele ya ua na kulieleza ua kilichomchelewesha, kwa sauti, na watu wote wakisikia. Mtoto akizaliwa analazwa mbele ya ua lililo karibu, na kama si msimu wake, mbele ya udongo wake. Waliogombana wanachuchumaa pande mbili za ua moja. Wa kwanza kuinuka ndiye aliyesamehe, kwa hiyo watu wenye magoti mabovu wana sifa ya upatanishi. Na mgeni akifika kwenye nyumba haulizwi maswali. Kama anapita, anaacha mzigo wake chini, kando ya ua la mlangoni. Siku akiamua kukaa, anauingiza ndani mwenyewe, na hakuna anayeruhusiwa kumsaidia.

Mimi sheria hiyo niliishika zaidi ya zote. Begi langu halikuwahi kuvuka kizingiti cha stoo, na Mwenyekiti hakuwahi kuuliza.

Ua ndilo nembo ya nchi. Neema alitaka kujua linachorwa wapi, kwenye bendera au kwenye mhuri.

"Gotini," alisema Mwenyekiti.

"Gotini?"

"Ua letu ni fupi. Anayetaka kuliona ainame. Nembo haipandishwi mlingoti, watu wakavunjika shingo kuitazama. Inashonwa kwenye goti la kulia la kila mwenye cheo. Akichuchumaa kusikiliza watu, inachafuka. Waziri mwenye goti safi anaulizwa alikuwa wapi."

Siku hiyo afisa mmoja kijana, mwandaaji wa shughuli, alikuwa amejificha nyuma ya pazia letu kukwepa simu za wakubwa. Akauliza, "Mama, hiyo nchi ipo upande gani?"

"Mbele kidogo ya Haneti, mwanangu. Barabara haijafika."

"Basi nikihamishwa nihamishiwe huko."

"Lete suruali tukushonee goti."

Lakini sheria kubwa ya Zuwale ilikuwa hii: anayetawala, anatawala ua likiwa limesimama. Likinyauka, anainuka. Ua la mwaka unaofuata linakuwa la mtu mwingine, na anayekitaka kiti hasemi neno, anakwenda kuchuchumaa mbele ya ua na kukaa hapo mpaka aonekane.

"Kwa hiyo nchi ina serikali kwa siku hizo tu?" niliuliza. Mimi shule niliacha kidato cha pili, lakini hesabu hiyo niliiona haikai sawa. "Na mwaka mwingine wote?"

"Watu wanajua kazi zao. Wewe unahitaji serikali kupanda ngazi?"

Kutoka nyuma ya pazia, nchi ilihamia stoo. Kila mwaka ua la mlangoni lilipochomoza, Mwenyekiti aliita kikao. Akina mama walikaa kwenye mkeka, yeye akasimama kando ya kiti chake, kiti cha mbao cha kawaida chenye mto wa satini, na kuuliza, "Ua limesimama. Nani anataka kiti?" Wote wakacheka. Mmoja akapiga kigelegele. "Kaa, Mwenyekiti!" Naye akakaa, akiguna kama aliyelazimishwa. Mwaka baada ya mwaka. Nilikishuhudia kikao hicho mara kadhaa, na sikumbuki hata mara moja mtu akisema kwamba kwa sheria yake mwenyewe alipaswa kuwa ameinuka zamani. Alitunga nchi ambayo hakuna anayekaa, na yeye hakuwahi kuondoka kwenye kiti. Nilidhani hajioni. Siku hizi nadhani alijiona vizuri, ndiyo maana alicheka kwa sauti kuliko wote.

Halafu macho ya Mwenyekiti yakaanza kufifia.

Hakumwambia mtu. Sisi tuliona vitu vidogo: anasogeza uzi mpaka puani, anasalimia nguzo. Kisha ikaja sendofu ya binti wa familia moja kubwa ya Area C. Waliagiza rangi ya maziwa na damu ya mzee. Mwenyekiti akachagua vitambaa mwenyewe, akatupa mabunda kwenye gari, na ukumbini nikapanda ngazi. Nilipofungua bunda la kwanza nikasita.

"Mwenyekiti, hii ni zambarau."

"Zambarau ya nani? Damu ya mzee hiyo. Funga."

"Na hii nyingine ni nyeupe kabisa."

"We mzururaji, umeanza kunifundisha maziwa? Funga, watu wanakuja."

Neema alikuwa anasukuma meza. Alinitazama, nikamtazama. Nikafunga. Mama wa binti alipoingia akasimama katikati ya ukumbi, akazunguka pole pole, nyeupe na zambarau kutoka dari mpaka sakafu, na msalaba tu ndio uliokosekana.

"Mmemzika mwanangu," alisema.

Tulibomoa na kupamba upya wageni wakiwa nje. Mwenyekiti alifanya kazi pini mdomoni, na kila aliposhika kitambaa alisema, "Neema, pitisha hapa mkono wako," kana kwamba ni suala la mikunjo. Neema akawa anampa rangi bila kuitaja.

Mvua za mwaka ule zilikuja. Ua likasimama mlangoni, jekundu mpaka linaumiza. Kikao kikaitwa.

"Ua limesimama. Nani anataka kiti?"

Hakuna aliyecheka. Kigelegele hakikuja. Neema, ambaye aliletwa stoo akiwa msichana asiyejua kushika sindano, aliinuka kwenye mkeka, akatoka mlangoni, akachuchumaa mbele ya ua. Goti lake la kulia likagusa tope.

Mwenyekiti aligeukia upande ule. Kisha akasema, "Ua bado limesimama," na akakaa.

Kwa nusu ya sheria alikuwa sahihi: ua likiwa limesimama, aliye kwenye kiti haondolewi. Siku zake zilikuwa hazijaisha. Kwa hiyo sote tukaanza kulitazama ua, na yeye akaanza kulilinda. Alilimwagilia. Adhuhuri alilifunika kwa mwavuli wa bibi harusi, mweupe wenye lesi, na wapita njia wakasimama kushangaa. Mama mmoja wa kikundi aliapa kumsikia akiliambia, "Jikaze." Neema alikuja kazini kila siku kama kawaida, akipita kando ya mwavuli, akisema "Shikamoo Mwenyekiti" na kuitikiwa "Marahaba mwanangu". Hakuna aliyegombana. Afadhali wangegombana. Nilikuwa nazunguka stoo kama kuku aliyefungwa kamba mguuni, nikitaka kuondoka na nikiogopa kukosa mwisho.

Asubuhi moja tukakuta mwavuli umeondolewa. Ua limesimama wima, nyuzi zote zimenyooka, zuri, la mviringo.

La zambarau.

Lile halisi lilikuwa limenyauka; hili Mwenyekiti alikuwa amelitengeneza mwenyewe, kwa waya na neti na mkasi, kazi safi kuliko zote alizowahi kufanya. Alikuwa amechimba, akalisimamisha pale pale, akashindilia udongo. Hila yenyewe ingeweza hata kufanikiwa kwa siku kadhaa, kama jicho lake lingejua alichoshika. Na sisi, akina mama wale wote na mimi, tukapita mlangoni mmoja mmoja. Wa kwanza aliinama kidogo kulisalimia, kwa mazoea. Wa pili akafuata. Mwenyekiti alikuwa ndani kwenye kiti akisikiliza nyayo zetu, uso umetulia. Neema alipofika hakuinama wala hakucheka. Alisimama tu, machozi yamemjaa, kisha akaingia kukunja satini.

Ilidumu hivyo mpaka alipokuja mteja kutoka Kongwa, mama mchangamfu asiyejua lolote, kuulizia mapambo ya kipaimara.

"Mbukwenyi!" akatuamkia kwa Kigogo. "Jamani, kitu gani kizuri hiki mlangoni? Hilo ua la zambarau la kitambaa, na mimi mnitengenezee kama hilo hilo!"

Mwenyekiti akatoa pini mdomoni, moja moja, akazichomeka kwenye mto.

"Mzururaji," aliniita. "Ni rangi gani?"

"Zambarau, Mwenyekiti."

"Kabisa?"

"Kabisa."

Akatoka. Akachuchumaa, kwa shida, akalishika ua kwa vidole vyote kama mtu anayepapasa uso wa mtoto gizani, akaling'oa na kulitia mfukoni mwa aproni. Chini yake majani mabichi ya ua halisi yalikuwa yameshaanza kuchomoza, yamepinda kwa kukosa nafasi. Akayanyoosha. Mteja wa Kongwa alikuwa bado anatabasamu, hajui amefanya nini.

"Kiti kiko wazi," Mwenyekiti alisema, bila kugeuka. Kwa desturi ya Zuwale anayeinuka haagwi, kwa kuwa kuinuka si kufa. Alichimbua kitunguu kidogo kilichoota kando ya kile kikubwa, akakitia kwenye kopo la maziwa ya unga pamoja na udongo wake, akaenda zake. Wiki ile ile tulisikia yuko Mpwapwa, kwa mdogo wake. Baadaye tukasikia amefanyiwa jicho hospitali na anaona. Hapo ndipo maneno ya "arudi" yalipoanza. Neema hakukalia kile kiti. Alikaa mkekani kando yake, akaongoza kazi kutoka chini, na kwenye mto wa satini hapakukaa mtu.

Hayo ndiyo niliyokuwa nayageuza kichwani basi lilipoiacha lami ya barabara kuu na kuelekea milimani. Nilishuka Mpwapwa mchana, upepo mkavu ukipiga, mji umeegemea milima kama mtu aliyechoka. Sikuuliza habari za Mwenyekiti. Nilimuuliza dereva wa bodaboda gesti ya bei nafuu.

"Ya kawaida au safi?"

"Ya kawaida iliyo safi."

"Twende kwa mama mmoja hivi. Utaijua, imebandikwa ua chini ya mlango. Sisi tunasema waliishiwa ngazi."

Niliposhuka kwenye pikipiki nililiona. Ua la zambarau, waya na neti, limepigiliwa misumari kwenye mlango wa gesti, kwenye usawa wa goti. Kando yake, chini, kopo la maziwa ya unga. Na kando ya kopo, begi kuukuu la nguo limefungwa zipu, vumbi juu yake. Niliweka langu hapo hapo.

Mwenyekiti alikuwa amekaa kibarazani anachambua uwele kwenye ungo. Akainua uso, na kwa mara ya kwanza baada ya miaka nikaona ananitazama mimi, si upande wangu.

"Shati lako ni la bluu," alisema. "Na limepauka. Nilikuwa nakuona mtu wa maana."

"Shikamoo, Mwenyekiti."

"Marahaba. Ila Mwenyekiti yuko Dodoma."

Sikujua nimwite nani. Nikakaa chini. Niliuliza kwa nini amelibandika ua lile, yeye ambaye angeweza kulichoma moto.

"Siku waliponifungua bandeji, kitu cha kwanza nilichomwambia mdogo wangu alete ni aproni. Nilitaka kuona nilichowafanya watu waniinamie." Akapeta uwele. "Ni zuri, eti? Kazi nzuri sana. Hilo ndilo lililoniogopesha."

Nikausema ujumbe. Niliusema wote, neno kwa neno, kiti kipo, hatujamkalisha mtu, arudi. Mikono yake ikasimama kwenye ungo. Nilimwona anataka. Ilimpita usoni kama kivuli cha ndege uwanjani: stoo, mkeka, kofi moja kwenye ukumbi mtupu, na macho mazima safari hii. Alitazama begi lake pale mlangoni, lililofungwa tangu alipofika.

"Neema anakaa wapi, kama kiti hakina mtu?"

"Mkekani. Kando yake."

"Mjinga," alisema. "Nilimfundisha kila kitu isipokuwa hilo. Mwambie akikalie. Kiti kitupu kinachongojea mtu ni ua la kitambaa. Hakinyauki, na hakizai jani. Mwambie mvua ikija aulize kama nilivyouliza, na wakinyamaza ainuke siku ile ile. Asilifunike mwavuli."

Akaninyooshea kidole. "Umesikia? Lile la mwavuli usilisahau."

Kisha akaniambia nichukue jembe nyuma ya nyumba. Nilichimba alipoonyesha kwa mguu, kushoto kwa mlango, ardhi ngumu ya kiangazi ikiruka vipande. Alichuchumaa mwenyewe, akapindua kopo, akakilaza kitunguu na kukifukia kwa viganja. Kilikuwa kidogo, si kikubwa kuliko kichwa cha kitunguu saumu. Alisema kitachukua miaka kabla hakijatoa ua. Hakusema kwa huzuni. Alipoinuka goti lake la kulia lilikuwa jekundu kwa udongo, na hakulipangusa.

Akaliendea begi lake. Nilitaka kumshika mkono, nikakumbuka sheria, nikaurudisha. Alilibeba kwa mikono miwili, akavuka kizingiti, na nikasikia likitua kwenye sakafu ya chumba cha ndani, na zipu ikifunguka.

Nilibaki nje na jembe. Nilifikiri njia za kuondoka hapo: Kongwa, au Mtera kwenye samaki, au kurudi Dodoma na ujumbe. Nikageuka kulichukua begi langu. Halikuwepo.

Mdogo wake alikuwa ametoka upande wa jikoni, anajifuta mikono kwa khanga, ananipa ufunguo wenye kibao cha mbao.

"Nimeshakuingizia, chumba cha mwisho, maji yapo kwenye ndoo. Mgeni unaachaje begi lako nje? Wezi hawa wa Mpwapwa unawajua?"

Ndani, kicheko kikalipuka, kile cha kwenye vikao, cha sauti kuliko wote.

"Huyo hajui sheria zetu," alipaza sauti. "Lakini ameshakuingiza, mzururaji. Serikali ya nyumba hii ndiyo hiyo."

Niliupokea ufunguo.